Nyanya hakukosea 'risiti' kwa kuwa hakuiona ile P

Kama chai ingali moto, vuta kiti. Leo nina kisa kilichonikuta nyumbani kwa dada yangu kule Umoja, kisa ambacho kimenilazimu kuzipangusa vumbi kamusi nilizokuwa nimezisahau juu ya kabati.

Na hilo neno kabati ulishike, tutalirudia.

Dada yangu ana binti aliye katika shule ya upili. Mtoto huyo ni msomaji kwelikweli. Akinunuliwa maandazi, husoma kwanza karatasi iliyofungiwa ndipo ale. Muhula uliopita alisimama katika mdahalo wa shule, hoja ikiwa ni iwapo wanafunzi waruhusiwe kuwa na simu bwenini. Mpinzani wake alikuwa amedai kwamba simu zitaangamiza kizazi kizima. Mpwa wangu akataka kumwambia kwamba huko ni kutia chumvi kupita kiasi, na kwa kuwa mdahalo ulikuwa wa Kiingereza, akachagua neno ambalo waandishi hulitumia kwa maana hiyo: hyperbole. Maana yake aliijua. Tahajia aliijua. Mahali pa kulitumia hakupakosea hata kidogo. Lakini sauti yake hakuwa ameisikia kamwe, kwani alikutana nalo vitabuni tu. Basi akalitamka kama alivyoliona, haipa-boul, mwisho wake ukasikika kama neno la Kiingereza la bakuli.

Ukumbi uliangua kicheko. Mwalimu aliyekuwa mwamuzi naye, badala ya kutuliza mambo, akacheka hadi akavua miwani kujifuta machozi. Tangu siku hiyo binti huyo huitwa Bakuli. Wanamwita hivyo kwenye foleni ya chakula, wanamwita hivyo uwanjani, na kuna mkora mmoja aliyemchora ubaoni akiwa na bakuli kichwani.

Hayo niliyapata jikoni, dada aliponinong'oneza huku akikatakata sukuma wiki. "Hanyoshi mkono tena darasani," akaniambia. "Ripoti imekuja, na walimu wanauliza kwa nini amekuwa bubu. Nikimwuliza, ananijibu hakuna neno, Mama. Na huyu ndiye aliyekuwa akituambia atakuwa wakili."

Wakili asiyetaka kufungua kinywa! Nikaona jambo hili si la kuachiwa muda.

Bahati nzuri mama yetu alikuwa amekuja Nairobi kwa ajili ya kliniki ya macho, naye alikuwa ameketi sebuleni akichambua maharagwe kwenye uteo. Mama hakusoma. Maisha yake yote amekuwa mkulima wa kahawa, na Jumapili huimba kanisani. Nikachukua daftari la mpwa wangu, nikaandika maneno mawili kwa herufi kubwa: RECEIPT na CHOIR. Nikamwambia ajifanye hajawahi kuyasikia, ayasome kama yalivyoandikwa, herufi baada ya herufi.

"Resipti," akasoma shingo upande. "Na hili ni cho-ir."

Nikamgeukia mama. "Mama, ukipeleka kahawa kiwandani, ikishapimwa, karani hukupa nini?"

"Hunipa risiti," akajibu bila kuinua macho. "Na asiponipa siondoki."

"Na kanisani unaimba katika kikundi gani?"

"Kwaya ya akina mama. Kwani umesahau?"

Mpwa wangu alilitazama daftari, akamtazama nyanyake, kisha akalitazama daftari tena. Ile P haikuwamo kinywani mwa nyanya. Wala haimo kinywani mwa Mwingereza, ambaye husema ri-SIIT. Na choir Mwingereza huiita KWAI-a. (Katika ukurasa huu nitaandika matamshi kwa tahajia yetu ya Kiswahili, na silabi yenye herufi kubwa ndiyo inayotiwa mkazo.) Bibi kizee ambaye hakukanyaga darasa aliyatamka yote mawili karibu zaidi na wenyewe kuliko mjukuu aliyeyasoma.

Hapo ndipo ulipo mzizi wa fitina, msomaji. Wazee wetu waliyapokea maneno ya Kiingereza kwa sikio. Waliyasikia dukani, kambini, shambani kwa mlowezi, wakayatia Kiswahili yakiwa sauti tupu, bila kujua kwamba kuna herufi zilizojificha ndani. Watoto wetu huyapokea kwa jicho, wakiwa peke yao na kitabu, na jicho halina njia ya kujua ni herufi ipi iliyo hai na ipi iliyokufa. Anayekosea kwa namna hiyo amekosea kwa sababu alisoma kitu ambacho hakuna mtu aliyewahi kumsomea.

Turudi basi kwenye kabati. Waingereza huandika cupboard, ukidhani ni kikombe na ubao, na kwa hakika neno lilianzia hapo, ubao wa kuwekea vikombe. Lakini hakuna asemaye kap-bodi. Husema KA-bad. Kiswahili kilisikia vizuri. Kadhalika saini: katika Kiingereza mna G katikati ya sign, ila haisikiki, na Kiswahili hakikuihangaikia. Plau la kulimia limeandikwa plough, likiwa na mkia wa herufi mbili zisizofanya kazi. Drafti, ule mchezo wa vizibo vya soda, huandikwa draughts, na hapo GH ile ile iliyonyamaza kwenye plau inageuka kuwa F! Na jela nayo, katika vitabu vya zamani vya Uingereza utaikuta imeandikwa gaol. Mwanafunzi akiliona hudhani ni neno jipya. La, hutamkwa jeil, sawasawa na jail.

Lakini bingwa wa hila zote hizi ni kanali wa jeshi. Kwa Kiingereza huandikwa colonel, herufi saba, na ukiisoma ilivyo utapata ko-lo-nel. Mwingereza husema KAA-nal. Kisa chenyewe ni kirefu kidogo. Waitaliano walikuwa na neno colonnello, kamanda wa safu ya askari, kutokana na colonna, yaani nguzo au safu. Lilipoingia Ufaransa, L ya kwanza ikageuzwa R, likawa coronel. Waingereza walilipata kwa Wafaransa katika karne ya 16 likiwa na R hiyo. Baadaye waandishi wakaona ni heri waliandike kama Waitaliano, kwa L mbili, ilhali watu waliendelea kulitamka kwa R, na kadiri miaka ilivyopita sauti hiyo ikafupika. Matokeo yake ni tahajia ya Kiitaliano, matamshi ya Kifaransa yaliyochakaa, na kichwa kumuuma mwanafunzi wa Nairobi. Kiswahili kilichukua sauti, kikaachana na tahajia, tukapata kanali. Mkazo nao tuliuhamisha. Vivyo hivyo kwa sajini, ambaye kwa Kiingereza huandikwa sergeant lakini huitwa SAA-jent.

Hata hivyo, usije ukaifanya hii kuwa sheria. Luteni wetu hafanani na wa Waingereza, ambao husema lef-TE-nant, wakiingiza F isiyoonekana popote katika lieutenant. Wamarekani ndio husema luu-TE-nant, karibu na sisi. Na biskuti yetu imeihifadhi U ambayo Waingereza huimeza. Sikio nalo hukosea siku nyingine. Nasema tu kwamba ukiona neno la Kiingereza linalokutisha, jiulize kwanza kama Kiswahili hakina ndugu yake.

Mpwa wangu akaniuliza swali ambalo hata wewe huenda unalo. "Mjomba, kwani walioandika hivyo walikuwa wamelewa?"

Hawakuwa wamelewa. Katika karne ya 14, neno knight, yaani shujaa apandaye farasi, lilitamkwa pamoja na K yake, na ile GH ilikwaruza kooni kama KH ya Kiarabu. Name ilisomwa naa-me. Time ilisomwa tii-me. Kwa hiyo mtoto wa chekechea anayesoma name kama na-me, halafu akachekwa, anasoma kama walivyosoma watu wa enzi za mshairi Geoffrey Chaucer, aliyefariki mwaka 1400. Kisha mwaka 1476 William Caxton akaanzisha mtambo wa kuchapa vitabu huko Westminster, na taratibu wachapaji wakaanza kuzigandisha tahajia. Balaa ni kwamba nyakati hizo hizo vokali ndefu za Kiingereza zilikuwa zikihama, uhamaji ulioanza karibu mwaka 1400 na kuendelea hadi 1700 hivi. Karatasi ikabaki pale pale, ulimi ukaenda zake.

Juu ya hayo wakaja wasomi waliokihusudu Kilatini. Deni lilikuwa dette, kama walivyolipata kwa Wafaransa, bila B. Wasomi wakakumbuka kwamba Kilatini ni debitum, wakapachika B, likawa debt. Hakuna aliyewahi kuitamka B hiyo. Hadi leo ni det. Ndivyo P ilivyoingia katika receipt. Ndivyo C ilivyoingia katika indict, kumfungulia mtu mashtaka, ambalo hutamkwa in-DAIT, na katika victuals, yaani vyakula, ambalo hutamkwa VI-talz. Kisiwa, island, kilipachikwa S kwa kosa kabisa, kwa kudhaniwa kuwa ni jamaa ya neno jingine la Kilatini ilhali chenyewe ni cha Kiingereza cha kale. Nami ninayaandika haya nikiwaza ni watoto wangapi wamechapwa kwa sababu ya herufi zilizopachikwa na watu waliotaka kuonekana wasomi.

Kiswahili chetu kiliepuka balaa hilo. Kiliandikwa kwa herufi za Kiarabu kwa karne nyingi, na tahajia ya herufi za Kirumi tunayoitumia ilisanifishwa juzi tu, kamati ya lugha ya maeneo ya Afrika Mashariki ilipoanza kazi mwaka 1930. Tuliandika tulichokisikia. Tena mkazo wetu unajulikana mahali ulipo, silabi ya pili kutoka mwisho, ukiacha maneno machache. Mkazo wa Kiingereza ni kama kondakta wa matatu, huruka huku na huku: husema FOU-ta-graaf kwa photograph, lakini apigaye picha, photographer, ni fa-TO-gra-fa.

Sasa tulitatue lile la bakuli. Hyperbole ni neno la Kiyunani, na maneno kadhaa ya Kiyunani yaliyoingia Kiingereza na E mwishoni hutaka E hiyo itamkwe kama I yetu. Ni hai-PAA-ba-li. Maana yake ya asili ni kutupa kitu kikapita shabaha, nami naona inapendeza kuliko kutia chumvi. Ndugu zake ni catastrophe, maafa, ka-TAS-tra-fi. Apostrophe, ile alama ya ritifaa, a-POS-tra-fi. Na epitome, i-PI-ta-mi, ambalo zamani lilikuwa na maana ya muhtasari na leo ni mfano halisi wa jambo. Epitome imewaumbua wengi. Nimemsikia mtu mzima mwenye shahada mbili akisema epi-toum mbele ya umati, na hakuna aliyecheka kwa sababu yeye ndiye aliyekuwa akilipa chakula.

Msomaji, wavulana waliomcheka mpwa wangu ni mashabiki wakubwa wa soka. Hao hao wakiona Leicester hawasemi lei-ses-ta. Husema LES-ta bila kufikiri, na walikuwa wakisema hivyo hata kabla ya timu hiyo kutwaa ubingwa wa Uingereza mwaka 2016. Waliipata kwa mtangazaji wa televisheni. Sikio lao lilikuwa na mwalimu, la binti huyu halikuwa naye, basi.

Mama, aliyekuwa kimya na maharagwe yake, hapo akaingilia. Akamwambia mjukuu wake kwamba yeye anawakumbuka wazungu waliokuwa wakiliita hata jina la nchi hii kombo. Ni kweli. Kabla ya Uhuru wa 1963 Waingereza wengi walisema KIIN-ya. Ndivyo walivyosema maafisa, ndivyo walivyosema walowezi. Baada ya Uhuru wakajifunza kusema KEN-ya, wengine kwa shida, na baadhi ya wazee wao walikataa hadi kufa.

"Na hakuna aliyewaita Bakuli," mama akasema.

Hapo mpwa wangu akacheka, mara ya kwanza kwa muda mrefu, kama alivyoniambia dada baadaye.

Nisije nikawasahau wazazi, kwa maana hili si la watoto peke yao. Ukienda benki kuomba mkopo wa nyumba, utakabidhiwa karatasi zenye neno mortgage. Usiseme mot-geji. T haisemi kitu, ni MOO-gij. Limetoka katika Kifaransa cha kale na maana yake ni rehani mfu: usipolipa, mali imekufia mikononi, nawe ukilipa, deni ndilo linalokufa. Nadhani wengi wenu mnaolipia nyumba mtakubaliana na jina hilo. Ukipokea hati ya kukuita mahakamani, subpoena, ni sa-PII-na, B haisikiki. Ni Kilatini cha 'chini ya adhabu', kumaanisha usipofika utajua hujui.

Halafu kuna lile neno ambalo Wakenya tulilazimika kulimeza tulipowachagua magavana kwa mara ya kwanza mwezi Machi 2013, chini ya Katiba ya 2010. Gubernatorial. Magazeti ya Kiingereza hulitumia kila uchaguzi, gubernatorial hili, gubernatorial lile, na maana yake si nyingine bali '-a gavana'. Hutamkwa guu-ba-na-TOO-ri-al. Watu huniuliza: kama mwenye cheo ni governor kwa V, kwa nini sifa yake ije na B? Jibu lipo baharini. Wayunani walimwita mshika usukani wa merikebu kubernetes. Warumi wakamwita gubernator. Neno lilipopitia Ufaransa, B ikalainika ikawa V, na hivyo ndivyo lilivyowafikia Waingereza, nasi tukalisikia kwao tukapata gavana. Ila ile sifa ilichukuliwa moja kwa moja kutoka Kilatini, ikaja na B yake mkononi. Na hujasikia bado. Mwaka 1948 mtaalamu wa hisabati wa Marekani, Norbert Wiener, alipotafuta jina la elimu ya kuongoza mitambo, alirudi kwa yule yule mshika usukani wa Kiyunani, akaiita cybernetics. Kutokana na hilo ikapatikana cyber, SAI-ba, na kutokana na hiyo tukapata saiba, yule jamaa wa mtaani anayekuchapishia barua na kukujazia fomu za mtandaoni. Kwa hiyo gavana na saiba ni watu wa ukoo mmoja, babu yao mshika usukani. Usimwambie gavana wako.

Wale wanafunzi wanaosoma riwaya za kale watakutana pia na quay, gati la kufungia meli, ambalo hutamkwa kii kana kwamba ni ufunguo. Na viscount, cheo cha ukabaila, VAI-kaunt, S imezimia. Na misled, kupotoshwa, ni mis-LED. Nawajua watu waliolisoma mai-zold kwa miaka mingi wakidhani kuna kitenzi cha namna hiyo.

Yako mengine ambayo ni ya kuchekesha tu, na sioni ubaya wa kuyajua. Borborygmus, bo-ba-RIG-mas, ni ule mngurumo wa tumbo lenye njaa, na ukilisema polepole utasikia tumbo lenyewe. Defenestration, dii-fe-nis-TREI-shen, ni kumtupa mtu nje kupitia dirishani. Utashangaa kwamba jambo hilo lilihitaji neno lake, lakini tarehe 23 Mei 1618 mjini Prague mabwana wa Kiprotestanti waliwatupa dirishani maafisa wawili wa mfalme pamoja na mwandishi wao. Wote watatu wakapona, lakini vita vilivyofuata vilidumu miaka 30. Pulchritude, PAL-kri-tyuud, ni uzuri wa sura, ingawa kwa sikio langu linafanana na ugonjwa wa ng'ombe. Usimwandikie mchumba.

Nilipendalo zaidi ni petrichor, PET-ri-koo. Ni ile harufu inayopanda kutoka ardhini mvua ya kwanza inapoangukia udongo mkavu. Kila aliyelelewa Ukambani au Baringo anaifahamu. Hili halikutoka zamani. Lilibuniwa mwaka 1964 na wanasayansi wawili wa Australia, Isabel Joy Bear na Richard Thomas, wakiunganisha neno la Kiyunani la jiwe na lile la umajimaji uliosemekana kutiririka katika mishipa ya miungu badala ya damu. Mama alipoelezwa akasema harufu hiyo kwao ilikuwa na maana moja tu: kutafuta jembe.

Ama yale marefu ya kutisha, kama floccinaucinihilipilification lenye herufi 29, maana yake kuona kitu kuwa si chochote si lolote, hayo waachie wenye muda. Lipo na lingine la herufi 45 la ugonjwa wa mapafu uletwao na vumbi, lililotungwa Marekani miaka ya 1930 na mpenzi wa mafumbo kwa sababu tu alitaka liwe refu. Ukilitia katika insha, mtahini hatakuongezea hata alama moja. Maswali ya stadi za kuzungumza katika KCSE yamekuwa yakiwataka watahiniwa wataje herufi isiyotamkwa katika neno, na hapo risiti na kabati zitakufaa kuliko hayo.

Kabla sijaondoka Umoja nilimwonyesha mpwa wangu jambo dogo ambalo shule nyingi hulipita mbio. Katika kamusi nzuri ya Kiingereza, kando ya neno huwa kuna maandishi yaliyofungwa kati ya mistari miwili ya mshazari. Ndiyo matamshi. Ndani yake utaona kistari kidogo cha wima kilichoinuliwa juu. Silabi inayokifuata ndiyo yenye mkazo. Herufi ambayo haimo humo haitamkwi, hata kama katika tahajia imejitanua namna gani. Na mwenye simu ya kisasa anaweza kuitaka imtamkie neno, mradi akumbuke kutazama kama inamsomea Kiingereza cha Uingereza au cha Marekani. Tulijaribu maneno 10 hivi, mama akisema la Kiswahili, mjukuu akiandika la Kiingereza na kutafuta herufi zilizokufa. Mama alishinda karibu yote kwa sababu hakuwa na la kupoteza.

Jina la Bakuli lingalipo, msomaji, nisikudanganye. Watoto hawaachi jina tamu upesi. Lakini Ijumaa dada alinipigia simu kunijulisha kwamba binti amejiandikisha katika mdahalo wa mwezi ujao. Baadaye mwenyewe akachukua simu akaniomba nimwangalizie neno moja alilokusudia kulitumia: awry, yaani mambo kwenda mrama. Nilimwambia ni a-RAI, si OO-ri. Nikamwambia pia kwamba mimi mjomba wake, ninayeandika ukurasa huu, nilisema OO-ri hadi nilipokuwa baba wa watoto wawili.